Njia ya Kando ya Ukuta

Nyumba ya mama iko Karatu, upande wa juu, ambako lami imeshabaki nyuma na tope jekundu limeanza kushika viatu. Mimi siishi pale. Tangu nimalize kidato cha nne sijakaa mahali muda wa kutosha kupanda mti na kula matunda yake. Ni mpishi wa kambi za watalii. Kambi ikihamia Ndutu nahamia, ikihamia Natron nahamia, na wakati mwingine tunakaa Olbalbal, ambako vumbi linaingia kwenye unga hata ukiufunika kwa taulo. Kazi hii inawafaa watu kama mimi, ambao wakikaa wanataka kuondoka, na wakiondoka wanakumbuka nyumbani.

Kwa hiyo mdogo wangu alipofunga kamera nyumbani kwa mama, nilifurahi kuliko wote.

Alizifunga baada ya mama kuteleza penye bomba na kulala chini kwenye baridi, hadi jirani alipokuja kuomba chumvi. Mdogo wangu ni dereva wa watalii, anaishi Arusha. Alikuja na ngazi na drili, akafunga moja getini, moja sebuleni, na moja uani juu ya mlango wa jiko. Ile ya uani ilikuwa na kichwa kinachozunguka, tena ina spika, hivi kwamba ukiwa mbali unaweza kuzungumza na aliyeko nyumbani.

Mama alisimama chini ya ngazi, mikono nyuma, akaitazama.

"Hiki kinaona mpaka wapi?"

"Uani karibu pote, mama."

"Na chooni?"

"Mama jamani. Choo kiko nyuma ya kona, hakifiki."

"Basi kuna mahali pamebaki," mama akasema, akaenda zake kuchochea moto.

Neno la siri tulipewa sisi watoto, tumwangalie mama kwa zamu, kama zamani tulivyochunga kwa zamu ng'ombe wachache wa baba. Dada yetu akapewa, na mume wa dada akapewa pia. Shemeji yetu huyo ni Mmasai wa Olbalbal, na mama anampenda kuliko sisi aliotuzaa, kwa sababu kila akija huinamisha kichwa mama aweke mkono juu yake, na hakiinui mpaka ameguswa. Kumwacha nje mkwe wa namna hiyo kungekuwa kumtukana.

Miezi ile ya kwanza niliitazama nyumba yetu kuliko nilivyowahi kuitazama nikiwa ndani yake. Natron kulikuwa na jiwe moja lenye mtandao. Nikishamaliza vyombo vya mchana napanda juu yake, nafungua simu, na uani kwetu unatokea. Kuku anaparua, mashuka yanakauka kwenye kamba, moshi unatambaa kutoka jikoni. Nilisikia hata fagio. Siku moja mama alikuwa anapepeta maharage, akaacha ghafla. Akainua uso, akaitazama kamera.

"Nani leo?" akauliza.

Aliuliza kama mtu aliyesikia hatua getini na hodi haikuja. Nilibana pumzi juu ya jiwe lile, milima mingapi katikati yetu, kana kwamba angenisikia. Akasubiri. Kisha akasogeza kigoda chake kidogo kidogo mpaka akatoka kwenye picha, nikabaki nawaangalia kuku.

Masika ilipofika kambi zikafungwa, nikarudi nyumbani. Wanaoijua Karatu ya masika wanaujua ukungu wake. Unashuka kutoka msituni juu ya kreta, unaingia mjini kama ng'ombe wanaorudi zizini, polepole na bila kusukumwa, na mlima Oldeani unatoweka kwa siku nzima. Nilifika asubuhi ya namna hiyo. Nikapiga hodi, mama akaitikia kutoka jikoni, nikaingia. Na nikaona mtu anapita.

Alikuwa mwanamke, amebeba sufuria. Alitoka jikoni kwenda stoo. Uani katikati palikuwa papana na pakavu, mama alikuwa amemwaga kokoto, lakini yeye alipita kando ya ukuta, kwenye tope, mgongo wake ukikaribia kugusa matofali. Alipofika kona akasimama, akatazama juu, kisha akavuka hatua za haraka akiwa ameinama. Hakuna mtu aliyekuwa anamkimbiza.

Jikoni kwetu kizingiti kina jiwe lililolegea. Kila mgeni hujikwaa hapo mara ya kwanza, na mama humwambia, "Pole, umeshakuwa mwenyeji." Nami baada ya miezi mingi ya kutokuwepo nilijikwaa.

"Pole," mama akasema. "Umeshakuwa mgeni."

"Yule nani?"

"Kaa kwanza."

Nilipomwona karibu nilimkumbuka. Anatoka Arash, huko Loliondo. Mama yake na mama yangu walijuana mnadani, mmoja akiuza asali na mwingine maharage, na msichana yule alipofaulu kwenda sekondari Karatu alilala kwetu miaka yake yote ya shule. Mama yake alifariki baadaye. Mama yangu anamwita mwanangu, yeye anamwita *yeyo*, yaani mama kwa lugha ya kwao. Nilimwacha msichana anayecheka mpaka anadondosha vijiko. Sasa alikuwa mwanamke anayeweka kijiko mezani bila kutoa sauti.

Tulikaa jikoni penye moto, mahali ambapo kamera haifiki kwa sababu iko juu ya mlango na inatazama nje. Alikuwa ameshaligundua hilo mwenyewe, hakuna aliyemwonyesha.

"Mume wangu ana duka la sola na simu," akaniambia. "Alianza na kamera ya dukani, sawa, wezi wapo. Akaleta ya sebuleni. Akaleta ya jikoni. Nikichelewa kuwasha moto, ukuta unaniuliza kulikoni. Nikicheka na jirani, ukuta unauliza tulikuwa tunacheka nini. Akisafiri ndiyo yupo zaidi."

"Anakupiga?"

"Hajawahi. Ndiyo shida yangu hiyo. Watu wananiuliza alikupiga wapi, nakosa pa kuonyesha."

Mama akaweka kuni nyingine, akaeleza kilichobaki. Mama mdogo wa yule binti anaishi ng'ambo ya ziwa Eyasi, na amemwahidi chumba na kazi ya cherehani. Kulikuwa na lori la vitunguu ambalo hushuka Mang'ola, dereva wake ni mtoto wa jirani, na safari hii lingeendelea kuzunguka ziwa. Lori lilikuwa kwenye matengenezo. Likipona tu, anaondoka. Kabla ya hapo mumewe asijue yuko wapi.

"Akijua niko hapa atakuja na wazee," akasema. "Hawatagomba. Watakaa chini, watanywa chai ya yeyo, watazungumza vizuri kabisa. Na wakimaliza kuzungumza, mimi ninarudi."

"Hapa hajui mtu," nikasema.

Akaelekeza kidevu juu ya mlango. "Hiyo nani anaangalia?"

"Watoto wangu tu," mama akajibu.

"Watoto wako wote?"

"Na mkwe."

Yule binti aliendelea kupita kando ya ukuta.

Tuliishi hivyo. Ukungu ulikuwa unakuja na kuondoka. Kando ya ukuta pakawa na njia, nyembamba, iliyokanyagwa vizuri, kutoka jikoni hadi stoo na kutoka stoo hadi chooni. Mimi nilijikuta naifuata. Sikuwa na sababu. Mama peke yake ndiye aliyevuka uani katikati, polepole, na fimbo yake.

Penye bomba hapakuwa na namna ya kujificha kabisa. Ila kamera ikitazama geti, bomba liko nje ya picha, na siku zote ilikuwa inatazama geti. Mchana mmoja yule binti alichuchumaa pale kuosha sufuria, mimi namenya viazi mlangoni. Nikasikia kitu kama mdudu ndani ya unga. Kri. Kri. Nikainua macho. Kichwa cha kamera kilikuwa kinageuka. Kilipita geti, kikapita kamba ya nguo, kikaja mpaka bombani, kikasimama.

Nilipunga mkono, nikijua ni mdogo wangu. Yeye akigeuza kamera lazima apige kelele, "Braza, hivyo viazi unavimenya au unavichonga?" Safari hii hakuna aliyesema kitu. Yule binti alikuwa ametulia kama mnyama aliyenusa kitu kwenye upepo, maji yanatiririka juu ya mikono yake. Kisha akasimama, akaiacha sufuria, akaingia ndani. Kamera haikumfuata. Ilibaki inaitazama sufuria.

Nilimpigia mdogo wangu, hakupatikana. Alasiri akanipigia yeye.

"Nilikuwa bondeni na wageni tangu asubuhi. Faru mmoja kajificha, wanataka kumsubiri. Mtandao hakuna kabisa."

"Hukugeuza kamera?"

"Ningeigeuza na nini, braza? Na usukani?"

Dada naye alikuwa kwenye msiba, simu ameizima. Nikamwambia mama pengine ni mtambo wenyewe, mashine hizi hujigeuza. Mama akasema pengine. Lakini siku iliyofuata aliichukua kazi yake ya kuchambua maharage, akaenda kukaa nayo uani katikati, mahali pa wazi, kama mtu anayesubiri mgeni aliyetuma salamu kwamba anakuja.

Mimi nilikuwa jikoni na yule binti. Tulisikia wote.

"Shikamoo, mama."

Sauti ilitoka ukutani, juu ya vichwa vyetu. Ilikuwa ya mwanamume, ya taratibu, ya mtu aliyelelewa vizuri.

"Marahaba," mama akaitikia. Angefanyaje? Mtu mzima akipewa shikamoo huitikia, hata ikitoka kwenye shimo.

"Habari za mchana?"

"Nzuri, baba. Za huko?"

"Huku salama. Poleni na mvua. Naona mna mgeni."

Niliona vidole vya mama vinaendelea na maharage, hili huku, hili kule.

"Msalimie," sauti ikasema. "Mwambie jana ameiacha sufuria na masizi."

Kri, kri, kamera ikageuka, ikarudi kutazama geti. Basi. Maji ya mchele yalikuwa yanachemka jikoni na hakuna aliyeyashughulikia. Yule binti alikuwa ameegemea ukuta, macho makavu, akasema kwa sauti ya chini kabisa, "Ndivyo anavyosemaga. Masizi."

Nilitoka nje ya geti nikazunguka nyuma, nikapiga simu. Mdogo wangu aliapa hajampa mtu. Dada alishangaa. Nikampigia shemeji, nikamtajia yule mwenye duka la sola. Huyu hakuficha, kwa sababu hakujua kama kuna cha kuficha.

"Yule? Ni rika langu, shemeji. Tumetahiriwa msimu mmoja. Alikuja nyumbani, akaona naangalia kwa mama, akasema naomba na mimi nione picha zake zinavyotoka, wateja wangu wanauliza aina hii. Nikamwandikia kwenye simu yake. Rika akikuomba kitu unamnyima vipi? Hata kitandani tunapishana."

"Mke wake yuko kwa mama, shemeji."

Nikasikia kengele za ng'ombe nyuma yake.

"Mimi sikuambiwa," akasema mwishowe, na sauti yake ilikuwa ya mtu aliyekanyaga kitu gizani. "Niliona mama ana mgeni nikafurahi. Nikamwonyesha. Nikamwambia, ona, mama hakai peke yake."

Mdogo wangu alitaka kubadilisha neno la siri saa ile ile, na mimi nilitaka kuing'oa kamera kwa jembe. Mama alitukatalia wote. Alizungumza nasi chooni, nyuma ya kona, mahali palipobaki. Nilikuwa nimeshika simu, mdogo wangu anasikia.

"Dereva ametuma salamu, lori limepona," mama akasema. "Linapita kesho asubuhi. Huyo mwanamume yuko Loliondo. Ukizima sasa hivi, atajua tumejua. Atawapigia watu wake hapa Karatu, wakae stendi, wakae njiapanda. Akiwa anaona, atakuja kwa mwendo wake, na wazee wake, na shuka limepigwa pasi. Mwache aone."

"Aone nini, mama?" mdogo wangu akauliza. "Mtu ameshaondoka aone nini?"

"Hayo niachie mimi."

Asubuhi ukungu ulijaa uani mpaka kuku wakawa sauti tupu. Tuliondoka kwa njia ya kando ya ukuta, hadi stoo, hadi chooni, na nyuma ya choo tukapenya kwenye michongoma. Getini hatukupita. Mama hakuja kuaga, kwa sababu angeonekana anaaga. Tulipokuwa tunapenya nilisikia mlango wa jiko unafunguliwa na mama anasema kwa sauti yake ya kila siku, "Umeamkaje, mwanangu? Njoo tunywe chai."

Yule binti akasimama, nusu mwili ndani ya michongoma. Nilidhani atarudi.

Tulichukua pikipiki mpaka mashamba ya kahawa ya Oldeani, tukashuka kusubiri kandokando ya barabara, chini ya miti ya kivuli. Pale ndipo nilipozaliwa. Baba alikuwa kibarua wa shamba, akichuma na kupogoa, na nyumba yetu ilikuwa moja kwenye mstari wa nyumba zinazofanana, ukuta mmoja kati ya familia na familia. Ulisikia kikohozi cha kila mtu. Nyumba hizo sasa zimeanguka, zimebaki sakafu za saruji na majani yanaota katikati. Nilimwonyesha sakafu yetu. Nilitaka kumweleza jinsi jirani zetu walivyojua kila kitu chetu, na mama bado aliimba akipika. Sikupata maneno ya kutofautisha ukuta ule na huu.

"Fungua simu," akaniambia. "Nataka kumwona."

Nilifungua. Ukungu nyumbani ulikuwa umeinuka, uani palikuwa peupe. Mama alikuwa amekaa kwenye kigoda chake karibu na ukuta. Mbele yake vikombe viwili. Alijaza kimoja, akajaza cha pili, akakisukuma upande, ukingoni kabisa mwa picha, mahali ambapo mtu angeweza kuwa amekaa na usimwone.

"Kunywa kabla hakijapoa," mama akasema.

Akanyamaza. Akatikisa kichwa, kama aliyejibiwa.

"Sukari si imetosha?"

Akanyamaza tena. Na hapo nikasikia pembeni yangu, chini ya mti, yule binti anajibu kwa kunong'ona, "Imetosha, yeyo."

"Wewe siku zote unasema imetosha. Ulipokuwa shule ulikuwa unaiba kijiko cha tatu, unadhani sikukuona."

"Uliniona?"

"Nilikuona. Nikakuacha."

Mama hakuwa na simu sikioni, na sisi hatukuwa tumebonyeza kitu cha kuzungumza. Lakini alikuwa ananyamaza kwa urefu ule ule wa majibu yake. Alijua atasema nini na atachukua muda gani kusema. Walizungumza hivyo, mmoja uani na mwingine shambani, juu ya mnada, juu ya mama yake marehemu na asali yake iliyokuwa na nyuki wafu ndani, na mama akacheka mahali pa kucheka na yule binti akacheka naye, mkono mdomoni.

Kisha kri. Niliisikia kwenye simu. Picha ikaanza kusogea. Mtu mwingine alikuwa anaangalia pamoja nasi, na alikuwa anageuza kichwa cha kamera kuelekea kikombe cha pili. Ukuta ukapita, kamba ya nguo ikapita. Mama hakuinua macho. Alinyoosha mguu, akakisukuma kigoda cha mgeni nyuma, mpaka chini kabisa ya kamera, mahali isipoweza kujitazama. Kikombe akakifuatisha.

"Sogea huku, jua linakupiga," akasema.

Hapakuwa na jua.

Yule binti alinishika mkono wenye simu. "Ananitafuta pale," akasema. "Mimi niko hapa na ananitafuta pale." Hakusema kwa furaha wala kwa hofu. Nadhani alikuwa anajaribu kuyazoea maneno yenyewe.

Lori lilikuja, limejaa magunia matupu. Dereva akafungua mlango. Yule binti alipokwisha kukaa akateremsha kioo.

"Mwambie yeyo ile sufuria nimeiacha na masizi," akasema. "Makusudi."

Siku zilizofuata mama aliendelea. Asubuhi vikombe viwili, mchana sahani mbili. Nilirudi nyumbani nikakaa naye, na nakuambia ukweli, ilikuwa vigumu kuliko nilivyotegemea. Nilikuwa namsikia anazungumza na nafasi tupu, nikapita kando ya kile kigoda bila kukigusa. Siku moja nilitaka kukikalia, mama akanitazama, nikaenda kutafuta kingine. Chai ya kikombe cha pili aliimwaga penye ndizi nyuma ya choo. Sauti ya ukutani haikuzungumza tena, lakini kamera iligeuka mara nyingi.

Simu ikaja kutoka ng'ambo ya ziwa kwamba amefika, ameshaonyeshwa cherehani yake.

"Ameshafika, mama. Acha sasa."

"Bado kuna anayesikiliza," mama akasema, akapanga vikombe.

Mume wake alikuja siku ya mnada, adhuhuri. Gari lilisimama nje, nikaona wazee wameketi ndani yake, fimbo katikati ya magoti. Yeye akashuka peke yake kwanza, akapiga hodi vizuri, akasubiri mpaka akakaribishwa. Alikuwa mwanamume mwembamba, msafi, na shuka lake lilikuwa limepigwa pasi.

Alitembea uani. Alipofika kwenye kamba ya nguo aliinama, ingawa kamba yetu ni nyembamba na mgeni hukatwa nayo shingoni. Alipita upande mkavu wa bomba. Alipofika mlango wa jiko akainua mguu, akaliruka lile jiwe lililolegea bila kulitazama.

Mama aliuona ule mguu. Mimi pia.

"Umeshawahi kufika hapa, baba?"

"Hapana, mama. Ndiyo mara ya kwanza."

"Karibu kiti."

Alikaa. Mama alimwaga chai kwenye vikombe viwili, akampa kimoja. Aliuliza hali ya Loliondo, mvua, ng'ombe, na yeye akajibu kimoja kimoja kwa adabu. Macho yake yalikuwa yanatembea. Yalienda stoo ambayo mlango wake ulikuwa wazi na ndani mna magunia tu. Yalienda kwenye kigoda. Yalienda kwenye sufuria iliyoning'inia msumarini, nyeusi kwa masizi, na hapo yakakaa.

"Mama," akasema hatimaye, "mgeni wako yuko wapi?"

"Mgeni ni wewe."

"Nimekuwa nakusikia. Kila siku. Jana umemsimulia habari za asali." Sauti yake ilikuwa ile ile, ya taratibu, lakini sasa ilikuwa na mdomo, na mdomo ulikuwa umekauka. "Ulikuwa unaongea na nani?"

Mama alikunywa chai yake kwanza.

"Na wewe, baba. Si ndiye uliyekuwa unasikiliza?"

Nilimwona anajaribu kulipokea hilo. Alitazama kikombe mkononi mwake, na nadhani alikitambua. Kilikuwa na ua la bluu lililofutika upande mmoja, kile alichokuwa anakitafuta kwa kamera siku zote zile. Akakiweka chini hakijafika nusu. Akaaga kwa heshima. Alipotoka alijikwaa kwenye lile jiwe, na mama hakumwambia pole. Wazee hawakushuka garini.

Mdogo wangu alikuja Jumapili na ngazi yake. Walibishana kidogo, yeye akisema ukianguka tena nitajuaje, mama akisema atakayekuja kuomba chumvi atanikuta. Mwishowe wakakubaliana. Ya uani ikashuka, ya sebuleni ikashuka, na neno la siri likabadilishwa.

"Ya getini iache," mama akasema. "Aliye getini hajaingia bado."

Shemeji alikuja pia, akainamisha kichwa. Mama alimwacha amekiinamisha muda mrefu, mrefu kuliko adabu inavyotaka, ndipo akakigusa.

Nimerudi kazini. Nikiwa kwenye jiwe la mtandao nafungua simu, naona geti, kipande cha barabara nyekundu, na ukungu. Wakati mwingine naona fimbo ya mama inatoka, kisha mama. Hainui macho. Nakumbuka uani kwetu kuliko zamani, kwa kuwa sasa nauona kwa kumbukumbu tu.

Juzi nilipita nyumbani kwa siku moja, njiani kwenda Ndutu. Nilipokaribia geti nilimsikia mama uani. Alikuwa anazungumza. Akanyamaza kwa muda wa jibu, akacheka, akazungumza tena. Nilisimama nje, begi begani, na kwa mara ya kwanza katika maisha yangu nikapiga hodi kwetu kwa sauti ya mgeni, nikasubiri.

Ndani pakawa kimya. Nikasikia kigoda kinasogezwa.

"Karibu," mama akasema, baada ya kitambo.

Mezani palikuwa na vikombe viwili, na cha pili kilikuwa kimenywewa mpaka chini. Kando ya ukuta, kwenye tope, palikuwa na nyayo ndogo, mbichi, zimejaa maji nusu, zinaelekea stoo. Mlango wa stoo ulikuwa umefungwa.

Nilikaa nikanywa chai. Nilipotaka kunawa nikazunguka kwa njia ya kando ya ukuta, nikikanyaga pembeni ili nisizifute zile nyayo, kisha nikajirekebisha, nikazikanyaga zote, asije mwingine akazisoma.